Filamu ya Bi Kamera Iliyokuwa Ikipungua

Ukimtafuta kwenye picha humpati. Nimetazama kanda na diski zake za miaka mingi, harusi za mjini na za shamba, mikutano, michezo ya kuigiza, matangazo ya sabuni, na kote huko yupo mahali pamoja tu, nyuma ya kamera. Mara moja moja utaona kivuli chake ukutani, au utasikia sauti yake ikisema, "Sogea kidogo mwanangu, umeniziba." Basi. Hata kwenye kitambulisho chake picha imetoka uso umegeuka pembeni, kwa sababu wakati anapigwa alikuwa akimfundisha mpiga picha namna ya kuweka taa.

Watoto wa mtaa wa Mkunazini ndio waliompa jina la Bi Kamera, nalo likamganda, nami nitamwita hivyo hivyo. Nilianza naye nikiwa msichana, kwa kubeba nyaya, nikapanda cheo nikawa mshika maiki, na mwishoni nikawa nakaa chumbani kwake wakati anapohariri, nikimtafutia vipande huku yeye akikata. Mimi nasema nilikuwa nikimsaidia. Yeye angesema nilikuwa nikimchelewesha.

Maana hakuwa mtu wa kutulia. Kuhariri ni kazi ya kukaa, kila mtu anajua, lakini yeye aliifanya kwa kusimama. Kiti cha chumbani kilikuwa cha wageni na cha kutundikia mabuibui. Alikata kipande, akaenda dirishani, akarudi, akakitazama tena, akasonya, akakirudisha kilivyokuwa. Vikombe vyake vya chai vilipoa kila pembe ya nyumba kwa sababu alisahau alikoviweka. Umeme ukikatika alishuka zile ngazi za giza kama anafukuzwa, akaenda sokoni Darajani, akarudi na kitu ambacho hakuna aliyekihitaji. Siku moja ilikuwa boga. Siku nyingine alirudi na kufuli lisilo na ufunguo, na siku nyingine na jogoo mzima aliyekaa nasi chumbani mpaka umeme uliporudi, akiwika juu ya sauti za harusi ya watu.

Na bado mkono ulioshika kamera haukutikisika. Hilo sijawahi kulielewa. Mwili mzima ulikuwa unahangaika, magoti, mabega, midomo, lakini picha ilikaa imara kana kwamba imewekwa juu ya meza. Nilimuuliza siri yake siku moja tukiwa tunakula urojo barazani. Akaniambia, "Mkono ndo wa kazi. Hivi vyengine ni vyangu."

Kazi gani hakuifanya? Kulikuwa na mchezo wa kuigiza wa televisheni, ule wa mume mbaya, ambao watu walikuwa wakifunga milango kuutazama. Katikati ya mchezo aliyeigiza mume akapata safari ya Maskati, akaondoka bila kuaga. Mwenye mchezo alishika kichwa. Bi Kamera akajifungia, akachukua vipande vya mgongo wake, vikohozi vyake, namna alivyokuwa akivua viatu kwenye sehemu za mwanzo, akavishona mpaka mume yule akawa anagombana na mkewe katika nyumba ambayo hakuwahi kuingia. Mtaani wakasema jamaa hajawahi kuigiza vizuri hivyo. Mwenyewe aliporudi safari alikuja kushukuru, na Bi Kamera akamwambia, "Ulikuwa mzuri sana ulipokuwa haupo."

Ulimi wake ulikuwa hivyo, hasa kwa wanaume wenye suti. Walimwita mara moja kule pwani ya Fumba kutengeneza tangazo la nyumba mpya za kuuza. Alizipiga asubuhi mpaka adhuhuri, kuta nyeupe, madirisha, bustani zisizo na mtu, na nilimwona akianza kuchezesha mguu. Bahari ikapwa, maji yakatoka, wanawake wa kijijini wakashuka na vikapu vyao kutafuta chaza, nguo zimefungwa magotini, wanapigiana kelele kutoka mwamba hadi mwamba. Kamera ikageuka yenyewe. Tangazo lilipoonyeshwa, nyumba zilikuwa nyuma, ndogo, na mbele yake wanawake wanainama na kucheka. Mwenye nyumba akafoka, "Mimi nauza nyumba, siuzi chaza!" Bi Kamera akamjibu kwa upole, "Nyumba hazendi popote, bwana. Nimeona bora niwachukue wanaokwenda." Ikabidi tulirudie tangazo lote, na njia nzima ya kurudi mjini alikuwa anacheka peke yake.

Habari za waume zake sizijui vizuri, na hizo ninazozijua si za kuandikwa. Alituchapa kwa maneno kila tulipochelewa, naye mwenyewe hakuwahi kufika mahali kwa wakati ila kwenye sala. Alikuwa na jambo moja ambalo katika mji wetu, unaojua usiku huu ulichopika jana, ni la kushangaza kweli. Alikuwa ameziona nywele za karibu kila mwanamke wa mjini, alijua nani ana kovu wapi na nani anatia rangi mvi, na sikuwahi kumsikia akimsema hata mmoja. "Picha haina haya," alikuwa akisema. "Mwenye haya ni mimi."

Kwa asiyejua, shughuli ya wanawake kwetu ina mlango. Nje ya mlango ni mabuibui na mitandio. Ndani ni nywele zilizotengenezwa, magauni ya mgongo wazi, hina mpaka kwenye viwiko, na bibi mzima wa heshima zake akizungusha kiuno kwa ngoma ya kidumbak. Mwanamme haingii. Simu zinaachwa mlangoni ndani ya kapu, na mlinzi wa kapu ni mtu ambaye hata mke wa mkubwa hampiti. Kitu kimoja tu chenye jicho kiliruhusiwa kuvuka, kamera ya mwanamke aliyeaminiwa, na kwa miaka mingi mwanamke huyo alikuwa yeye.

Kabla ngoma haijaanza alizunguka ukumbini na kamera imezimwa, akiionyesha kwa kila mtu. "Mimi ndo ntakayekuchukueni. Asotaka anambie sasa, simuulizi kwa nini." Waliokataa aliwakumbuka kwa nguo zao, na hakukosea. Mpaka ikaja harusi ya Kikwajuni, ambako ukoo wote ulikuwa umeshona sare. Kitambaa kimoja cha kijani, mshono mmoja, na ndugu wenyewe wamefanana kama mikate iliyotolewa kwenye kibia kimoja. Ngoma ilipopamba moto Bi Kamera akanitazama kwa macho ya hofu. Hakujua tena nani alikubali na nani alikataa. Akafikiri kidogo, kisha akaishusha kamera chini, na mchana kutwa akachukua miguu.

Alijipongeza sana. Miguu haina uso, alisema, nani atalalamika? Akaihariri vizuri, miguu ikipiga chini, miguu ikivua viatu, kidole gumba kikicheza peke yake, akaipeleka. Kesho yake mama wa biharusi akatupigia simu, sauti imekauka. Walikuwa wamekaa wanawake wote kuitazama, wakaanza kutajana majina kwa hina, maana kila mmoja aliijua hina yake na aliyempaka. Kisha kati ya miguu hiyo yote iliyonakshiwa ikatokea miguu mitupu, haina hata doa, inapiga chini kwa raha zake. Katika ukoo wao mtu mmoja tu hakupaka hina siku ile, shangazi yake biharusi, aliyefiwa na mumewe na aliyekuwa bado kwenye eda. Wote walidhani yuko nyumbani kwake, amejifungia.

Sijamwona Bi Kamera akiona aibu kama siku ile. Tulikwenda kwa yule mjane, yeye na mimi, na kompyuta chini ya buibui. Hakutetea. Alisema, "Nimekutoa nje wakati umejificha. Nimekuja kukutoa mle pia, nnafuta mbele ya macho yako." Mjane akauliza kama anaweza kujiona kwanza. Akaitazama miguu yake ikicheza mwanzo hadi mwisho. Akatabasamu, akaifunika miguu ile ile kwa upindo wa kanga, akasema, "Haya, toa." Na Bi Kamera akatoa.

Hapo ndipo ilipozaliwa kanuni yake, na kanuni hiyo ndiyo iliyokuja kumla.

Maana alikuwa na filamu. Si ya harusi ya mtu, si ya mwenye nyumba wala ya televisheni. Yake. Kila baada ya shughuli, akishawakabidhi wenyewe kazi yao, aliwafuata wanawake mmoja mmoja na kuwaomba ruhusa abaki na kipande fulani, mara nyingi kifupi sana. Mtu anafungwa kanga na dada yake. Bibi anajifunza hatua mpya na kuikosea. Biharusi anapiga miayo wakati anasingwa mwili kwa manukato. Alitaka kuonyesha jinsi wanawake wa kisiwa hiki walivyo pale ambapo hakuna mtu wa kumwekea uso, na alitaka waitazame wao wenyewe, ukumbini, mlango umefungwa. "Hatujioni," aliniambia. "Tuchezapo tunacheza, halafu tunavaa mabuibui tunakwenda zetu, na kila mtu anadhani ni yeye peke yake aliyekuwa na raha."

Na kanuni ilikuwa hii. Mwanamke yeyote aliyekubali aliweza kubadili nia, hata baada ya miaka, na haulizwi sababu. Ila hatolewi kwa simu wala kwa kutuma mtu. Lazima aje mwenyewe, apande ngazi zetu, akae kwenye kile kiti, ajitazame mpaka mwisho, halafu aseme neno lenyewe, toa. Akishasema, Bi Kamera anafuta mbele yake, kompyuta na diski ya nje, na habakishi kitu.

Wakaja. Siku za mwanzo walikuja mmoja mmoja, kisha wakawa wanakutana mlangoni. Huyu anaolewa na mtu wa dini sana. Yule ameachwa na hataki kujiona na wifi zake. Wengi walikuja baada ya hija, na hao nilikuwa nawajua kwa miguu yao kwenye ngazi, polepole, kama mtu aliyekuja kulipa nadhiri. Wachache walijitazama wakasema, "Basi iache." Wengi walisema toa. Filamu iliyokuwa ndefu kama mchana wa kufunga ikaanza kupungua. Kila kipande kilichotoka kiliacha tundu, na Bi Kamera alilazimika kuishona upya kulizunguka. Nilimwona akitembea chumbani kutoka ukuta hadi ukuta, akijisemea, akikubali, akikataa, akirudi kwenye kibodi. Mimi roho iliniuma. Yeye hakulalamika, ila alizidi kukonda.

Nilimwambia, tena si mara moja, aweke akiba. Diski moja tu, aifiche, asiionyeshe.

"Akiba ya nini?" aliniuliza.

"Ya kumbukumbu tu, Bi. Nani atajua?"

"Mimi si mtu?" akasema, akanigeuzia mgongo.

Filamu ile ilianza na mama yangu.

Lazima niseme mama yangu ni nani. Alikuwa mwalimu wa hesabu, mtu wa kunyoosha mistari, na nyumbani kwetu Kiembe Samaki tulijua hali yake kwa namna alivyoweka funguo mezani. Simkumbuki akicheka kwa sauti nikiwa mtoto. Lakini kwenye harusi ya mdogo wake, wakati mimi nimeshika maiki na macho yangu yako kwenye mashine ya sauti, Bi Kamera alimkamata. Nilikuja kuona baadaye chumbani kwa kuhariri, nikadhani ni mtu mwengine. Sitaeleza zaidi hapa. Kwa ruhusa yake mwenyewe ikawa ndiyo picha ya kwanza ya filamu, na Bi Kamera alikuwa akisema zote zilizofuata zinapumua kwa hiyo.

Mama akaenda hija. Aliporudi tulimchinjia, watu wakaja, tukala, na wageni walipoondoka akaniambia, "Nipeleke kwa yule bibi yako."

Nilijua. Njiani nilijaribu maneno. Mama alitazama nje ya dirisha la gari. Tulipopanda ngazi alisimama katikati kuvuta pumzi, na Bi Kamera akatoka kumpokea, akamshika mkono, akamkalisha.

"Karibu, dada. Hija makbul."

"Amin. Nimekuja unitoe," Mama alisema. "Mungu akinitaka leo, sitaki nibaki nyuma nacheza."

"Sijakuuliza, dada. Tazama kwanza."

Akakiwasha kipande. Mama alitazama mikono iko mapajani, kama mtu anayesahihisha daftari. Kilipokaribia mwisho nilimwona akiziba mdomo kwa ncha ya mtandio, nikajua sasa atasema iache. Kikaisha. Kioo kikawa cheusi. Mama akasema, "Toa."

Bi Kamera akafuta kwenye kompyuta. Akachomeka diski, akafuta na kwenye diski. Mkono wake ulikuwa imara kama siku zote. "Nshakutoa, dada," akasema. Mama akamwombea kheri, wakashikana mikono, tukashuka. Barabarani niliwakasirikia wote wawili kiasi kwamba nilishindwa hata kumfungulia Mama mlango wa gari.

Baada ya hapo filamu ilikuwa haina kichwa. Alijaribu kuianza na mlango, akajaribu kuianza na giza na sauti za bangili, akajaribu kuianza na mikono ya mwanamke anayepaka hina. Katika kipindi hicho hicho kilikuja kikundi cha watu wa maonyesho ya filamu, na kijana mmoja mwenye adabu sana akaja kukaa kwenye kiti cha wageni. Alikuwa amesikia habari za filamu hiyo. Alitaka aionyeshe kwenye ukumbi mkubwa, mbele ya watu wote, wageni kutoka nje, jina la Bi Kamera lisikike.

"Wanaume pia?" akauliza Bi Kamera.

"Tunaweza kuziziba nyuso, Bi. Siku hizi ni kazi ndogo."

Bi Kamera alikuwa dirishani. Akarudi, akasimama mbele yake. "Ukishaziba uso unabakiwa na nini, mwanangu? Kiuno. Mimi nliomba ruhusa ya uso."

Kijana yule hakurudi tena, na simlaumu. Kwa mtu wa kazi yetu mlango kama ule haufunguki kila siku. Nilimwona Bi Kamera jioni hiyo ameegemea ukuta, amefumba macho, nami nikakusanya vikombe vyote vya nyumba, nikaviosha.

Muda ukapita. Mimi niliacha kazi ya maiki, nikafungua duka la mitandio Darajani, kwa sababu mtu lazima ale na mtu lazima akae mahali. Tuliendelea kusalimiana kwa simu. Kila nikimuuliza filamu imefika wapi alisema, "Bado inatoka watu." Alianza kuzeeka kwa haraka, miguu ikivimba, na daktari akamwambia asisimame sana, jambo ambalo alinisimulia akiwa amesimama. Nilianza kuogopa kitu ambacho sikuthubutu kukitamka, kwamba watamaliza kutoka, au yeye atamalizika, na ule ukumbi hautafungwa mlango kamwe.

Mwaka huu akanipigia. Hakusalimia. "Jumamosi baada ya alasiri, ukumbi ule wa shughuli karibu na kwenu. Nnaionyesha. Mlete mamako."

Mama aliposikia alisema haendi, hana la kutazama huko, magoti yanamuuma. Jumamosi saa tisa nilimkuta amekaa sebuleni, amevaa, mkoba mapajani, ananiuliza kwa nini nimechelewa.

Walijaa. Sikutegemea. Mlangoni kulikuwa na kapu la simu na mwanamke mnene aliyepekua hata mikoba ya mabibi. Niliwaona waliobaki kwenye filamu, na niliwaona wengi zaidi waliotoka, wale niliowajua kwa miguu yao kwenye ngazi. Wamekuja na binti zao, na vileja, na mito ya kukalia. Bi Kamera alikuwa kule nyuma akihangaika na nyaya, akimfokea fundi wa kike aliyeshughulikia mashine. Nikaenda nikamwamkia. "Marahaba," alisema bila kunitazama. "Kaa. Unaniziba."

Taa zikazimwa. Filamu ilikuwa fupi, nimeshatazama matangazo ya biashara marefu kuliko hiyo. Mlango ulifunguka, mwanamke akavua buibui akalitundika. Mkono ukapitisha wanja kwenye jicho la mtu mwengine. Bibi yule aliyekosea hatua akakosea hatua, na ukumbi mzima ukacheka, na yeye mwenyewe, aliyekuwa amekaa safu ya mbele, akacheka kuliko wote. Biharusi akapiga miayo. Mtu akamwita mwenzake kwa jina la utani na tukamsikia anaitikia, "Naam, mwovu wangu!" Kulikuwa na nafasi za kimya kati ya vipande, na mimi niliyekaa chumbani kile nilijua kila kimya kilikuwa cha nani. Kisha ikaisha.

Vigelegele vikapanda mpaka kwenye mabati. Watu wakasimama, wakakumbatiana, wakaanza kutajana. Bi Kamera alikuwa amejibanza ukutani, mikono nyuma, uso umelowa, na kwa mara ya kwanza watu walikuwa wanamtazama yeye. Nilifurahi kwa ajili yake, Mungu anajua, nilifurahi mpaka nikasahau nimekuja na nani.

"Mimi siko," alisema Mama.

Alikuwa hajasimama. Alisema kwa sauti ile ya darasani, si kali, lakini inafika nyuma. Bi Kamera akaja, akapita kati ya viti, akasimama mbele yake.

"Nlikutoa, dada."

"Najua. Ulinitoa kweli?"

"Kweli."

"Kote?"

"Kote."

"Na kwenye ile diski yako ya pembeni?"

"Uliniona nikifuta, dada."

Mama akatazama mkoba wake. Akaufungua, akaufunga. "Mimi nlidhani utaniibia kidogo," akasema.

Sijui nieleze vipi uso wa Bi Kamera wakati ule. Miaka yote ile alikuwa anajua watamlaumu kwa kubakisha. Hakujiandaa kwa hili. "Nlitaka," akasema mwishowe. "Wallahi, dada, nlitaka sana."

Nikaona kule nyuma vichwa vinageuka. Wale waliotoka walikuwa wamesikia. Hakuna aliyeondoka, na nilielewa kwamba wote walikuwa na swali la Mama, kila mmoja na lake, na kwamba walikuja leo kwa ajili hiyo.

Bi Kamera akavuta kiti. Akakaa, magoti yake yakigusana na magoti ya Mama.

"Ilikuwa mchana," akaanza. "Ulivaa gauni la zambarau, mkono mmoja umeukunja, mwengine umeshuka. Mdogo wako alikuwa anapita na sinia la sambusa, likabaki tupu, ukamnyang'anya. Ukalitazama kwanza, kama unalipima. Halafu ukalipiga kwa kijiko. Hukufuata ngoma, dada, ulipiga ya kwako, na wapiga kidumbak wakakuacha, wakaanza kukufuata wewe. Mtandio ukaanguka. Nywele zako zilikuwa na mvi hapa, na hapa. Ukaona watu wanakutazama, ukasita, nikasema basi, ataacha. Ukageuka kuangalia kama kuna mkubwa wako yeyote. Hakuwepo. Ndipo ulipocheka. Ulicheka mpaka ukakaa chini na sinia mapajani, ukamnyooshea kidole binti yako huyu, kashika maiki kainamia mashine yake, ukasema, 'Mtazameni, hata hanioni!'"

Mama alikuwa amefumba macho. Midomo yake ilitikisika kidogo, kama inafuata maneno. Mimi nililia pale pale, mbele za watu, wala sikuona haya. Nilikuwepo siku ile, hatua chache tu kutoka kwake, na maneno yale sikuwahi kuyasikia, kwa sababu alipohariri Bi Kamera alikuwa ameweka sauti ya ngoma juu ya maneno hayo.

"Halafu?" akauliza Mama.

"Halafu wakakuinua."

Mama akaitikia kwa kichwa. Akaufikia mkono wa Bi Kamera, akaushika. Kiti kikaburutwa nyuma yetu, kisha kingine. Mwanamke mmoja wa makamo, mtandio wake mweupe wa hija umemfika kifuani, akainama katikati yao.

"Na mimi?" akauliza.

Bi Kamera akamtazama usoni, akafikiri kidogo, akaanza kumsimulia.